Isale Kando ya Mrehani

"Bibi, ukimpa mtu isale na yeye hajui maana yake, huyo amekusamehe au bado?"

Vicky aliuliza hivyo asubuhi moja ya Januari, akiwa darasa la nne, mdomo umejaa mhogo. Bibi yake, Severa, alikuwa anajifunga kanga ya pili kiunoni atoke kwenda kazini. Mikono ikasimama kwenye fundo. Akamtazama mjukuu wake kama anayemwona kwa mara ya kwanza, kisha akasema, "Kunywa chai, inapoa." Na chai yenyewe ilikuwa ya moto, hainyweki.

Kwa nini mtu mzima akimbie swali la mtoto, na Severa hakuwa mwanamke wa kukimbia? Hapo inabidi kurudi nyuma kidogo.

Severa alizaliwa Kilema, mlimani Kilimanjaro, kwa watu wa migomba na misa ya alfajiri. Akaolewa na Tarsis, wakashuka Kariakoo, na Tarsis akafungua duka la jumla la mablanketi na mashuka, hatua chache kutoka Mtaa wa Msimbazi. Tarsis alipofariki, ndugu zake walikuja msibani na huruma nyingi, wakaondoka na funguo za duka. Severa akabaki na chumba cha kupanga Ilala, na baadaye na mjukuu.

Aliyemnyanyua hakuwa wa kanisa lake wala wa ukoo wake. Alikuwa Mama Bharti, mke wa mzee Champaklal, Mhindi muuza sufuria ambaye duka lake lilipakana na lile la Tarsis.

"Unajua kupika?" Bharti alimuuliza.

"Mama, mimi Mchaga. Kuuza ndiyo tunajua. Kupika tunajua kidogo."

Bharti alicheka mpaka akashika mlango. "Basi njoo upike kidogo. Sufuria ni kubwa."

Zilikuwa kubwa kweli. Nyuma ya duka kulikuwa na ua, na uani kulikuwa na jiko ambalo familia ile ililitumia kulisha watu tangu enzi za mama mkwe wa Bharti. Walikula hapo wapagazi, wamachinga ambao siku imewaendea vibaya, wagonjwa wasio na wenyewe, kina mama wa bonde la Msimbazi na watoto wao. Hakuna aliyeulizwa anasali wapi. Ulikuwa ukikaa kwenye benchi la uani unapewa wali wa choroko, au mboga na chapati, na asubuhi uji wa ulezi.

Ila jiko lilikuwa na sheria zake. Viatu vinabaki mlangoni, miguu inaoshwa. Nyama, samaki na yai havivuki kizingiti, hata vikiwa ndani ya mkoba wa mtu. Na mpishi haonji. Sahani ya kwanza ilikuwa ya Mungu. Bharti aliipakua kwa mkono wake, akaiweka mbele ya kijumba cha ibada kilichokuwa ukutani, penye taa ndogo ya samli, akaomba, halafu akala kidogo kutoka sahani ileile. Hapo ndipo wengine walipakuliwa. Kwa hiyo Severa alijifunza kupima chumvi kwa pua na kuiva kwa masikio.

"Uji ukiiva unaacha kugombana na sufuria," alimwambia Vicky, na kwa wiki nzima Vicky akawa anategea sikio kila kilichokuwa jikoni, mpaka maji ya kuoga.

Jumapili Severa alikwenda misa, Jumatatu alirudi kuosha miguu mlangoni kwa Bharti. Wenzake wa jumuiya, ile ya kusali nyumba kwa nyumba, walimtania sana.

"Severa, wewe mbinguni utaingia mlango upi?"

"Wa jikoni," alijibu. "Huko ndiko wanakonijua."

Kisha mambo yakabana. Watoto wa Bharti walihamia ng'ambo, na mkubwa wao, Urvish, akawa anapiga simu kila Jumapili kuuliza wazee wanangoja nini wasifunge duka. Sufuria za Champaklal zikapitwa na sufuria nyepesi zinazoletwa na meli. Watu wa kula ndio walioongezeka. Severa ndiye aliyesikia jumuiyani kwamba kuna shirika la makanisa ya Ulaya linatafuta majiko ya watu wa dini, dini yoyote ile, liyasaidie kulisha watoto wenye utapiamlo. Wazungu wale walikuwa wamegundua, walisema, kwamba mama maskini humwamini anayesali kabla hajamwamini anayeandika. Severa hakuona kama hilo lilihitaji kugunduliwa, lakini alifurahi. Yeye mwenyewe ndiye aliyemleta afisa wa mradi uani.

Aliitwa Aaron, kijana mpole mwenye shati la shirika na kalamu mbili mfukoni. Alileta majiko ya gesi, mizani, na mkanda wa kupimia mkono wa mtoto, wenye kijani, njano na nyekundu. Alivua viatu bila kuambiwa, na Bharti akampenda hapo hapo. Mapenzi yakadumu mpaka alipofika kwenye masharti: kila mtoto aliye chini ya miaka mitano apate yai moja kwa siku.

"Yai haliingii humu, baba," Bharti alisema.

"Mama, ni yai tu. Siyo nyama."

"Hilo 'tu' ni la kwako. Kwangu halina 'tu'."

Mzee Champaklal, aliyekuwa anasikiliza akiwa amekaa juu ya rundo la mifuniko, akaingilia. "Kijana, nimeishi na huyu mama tangu nina nywele. Kuku sijathubutu kumpitisha hapa hata anayetembea kwa miguu yake. Utaweza wewe?"

Wakacheka wote. Lakini Aaron aliandikia Ulaya, na jibu lilipokuja halikuwa na kicheko. Jiko lijaribu kwa karanga, maziwa na maharage mpaka mvua za vuli. Mikono ya watoto ikinenepa, mayai yasahauliwe. Isiponenepa, ama mayai yaingie, ama shirika litoke.

Watoto wengi walinenepa. Aliyegoma alikuwa Abbasi.

Abbasi alikuwa mtoto wa Mboni, msichana aliyeuza maji ya baridi kwenye foleni ya magari. Maziwa yalimharisha. Karanga zilimvimbisha midomo. Maharage aliyatema. Alikuwa na macho makubwa yasiyodai kitu, na mkanda ukizungushwa kwenye mkono wake ulisoma nyekundu, wiki hii nyekundu, wiki ijayo nyekundu.

"Huyu chakula anakipokea kama mgeni," Mboni alisema akijilazimisha kucheka. "Kinakaa kidogo, kinaaga, kinaondoka."

Siku moja Aaron alikunja mkanda wake akanong'ona, "Huyu mmoja ndiye atakayetuangusha." Hakusema kwa ubaya. Lakini Severa alikuwa anasugua sufuria karibu yake, akasikia, na neno lile halikumtoka. Mbele yake palikuwa na mambo mawili yaliyogeuka moja: kifundo cha mkono wa mtoto, chembamba kama mwiko, na jiko lililomnyanyua siku ndugu wa mume walipoondoka na funguo.

Ilala, jirani na chumba chake, palikuwa na muuza mayai aliyeitwa Hashimu, mtu wa maneno mengi, aliyezungusha trei za mayai kwa baiskeli.

"Nipe moja," Severa alimwambia.

"Moja? Mama, hata mgonjwa anakunywa dawa kutwa mara tatu."

"Nipe moja, Hashimu. Maneno sijaagiza."

Alikwenda kupika uji chumbani kwake, akalikoroga yai humo mpaka likapotea, akaumimina kwenye chupa ya chai. Kwa nini asimpe mtoto nje, barabarani? Kwa sababu shirika lilitaka watoto walishwe mbele ya macho ya wapishi. Uji wa kubeba hugawanywa nyumbani, na Mboni alikuwa na wadogo zake wanaomngoja midomo wazi. Halafu barabarani kina mama wengine wangeuliza kwa nini yeye. Basi Severa alivuka kizingiti na chupa yake, akamimina uji kwenye kisufuria kidogo, akaupasha moto pembeni. "Yai halikupikwa humu," alijiambia. "Limepita tu." Hakulisikia lile 'tu' lake mwenyewe.

Abbasi alikula uji ule, ukakaa.

Akafanya hivyo kesho yake, na keshokutwa. Mkanda ukaanza kusogea.

Ndipo ikafika siku ya kumkumbuka mama mkwe wa Bharti. Kila mwaka siku hiyo Bharti alishuka jikoni mapema kuliko kawaida, miguu mitupu, sari nyeupe, tumbo tupu. Sufuria kubwa ilikuwa bado inagombana. Kisufuria cha Abbasi kilikuwa kimenyamaza.

"Hiki kimeiva," Bharti alisema. "Nachukua hiki."

"Mama, subiri ile kubwa, iko karibu."

"Ya nini? Mama mkwe alikuwa hali sana."

Akapakua. Severa alishika ukingo wa meza. Alimwona Bharti akiiweka sahani mbele ya taa ya samli, akiunganisha viganja, akinong'ona jina la marehemu. Alimwona akikaa chini kwenye kijimkeka, akichota uji mzito kwa vidole, akila. Mwanamke ambaye tangu kuzaliwa hakuwahi kutia yai mdomoni, wala mama yake, wala mama wa mama yake.

"Severa," Bharti alisema, akilamba vidole, "leo uji una utamu wa ajabu. Umetia nini?"

"Mkono tu, Mama."

Hilo ndilo lililomuuma kuliko lile yai. Yai lilikuwa la bahati mbaya. Jibu lilitoka kwake mwenyewe, tena haraka, tena na tabasamu.

Angesema siku ile ile? Alilifikiria hilo mara nyingi baadaye, akichambua mchele. Akisema, Bharti angeumia, kijumba kingetakaswa, na chupa ya chai isingevuka tena mlango. Na Abbasi alikuwa ndiyo kwanza ametoka nyekundu kuingia njano. Asubuhi iliyofuata akapita tena kwa Hashimu.

Vuli ilipoanza kunyesha, wageni wa Ulaya walikuja na miavuli. Walimkuta Abbasi anakimbiza paka uani. Bharti alimpakata, na mkanda ukasoma kijani mbele ya kila mtu. Mboni alipiga kigelegele mpaka wapagazi wakachungulia kutoka mtaani.

"Waambie," Bharti alimwambia Aaron atafsiri, "mtoto huyu ameinuka bila kiumbe yeyote kuumizwa. Waambie Mungu hana haja ya yai."

Mgeni mmoja wa kike alifuta macho. Aaron akapiga picha. Severa alikuwa nyuma ya majiko, na furaha aliyokuwa nayo juu ya yule mtoto ilikuwa kama samaki mtamu mwenye miiba: kila akimeza, inamkwaruza.

Alikwenda kuungama. Padri alimsikiliza, akamwondolea dhambi, kisha akaongeza kwa sauti ya chini, "Lakini mama, yai hilo sikula mimi. Aliyekula, mwombe radhi yeye."

Krismasi, kama Wachaga wote wa Bongo, Severa alipanda nyumbani. Na huko Kilema, pembeni ya kihamba, shamba la migomba la baba yake, aliona kilichokuwa kinamtazama tangu utoto: masale, yamesimama kwenye mpaka na juu ya makaburi ya wazee, majani marefu ya kijani yasiyojua kiangazi. Kwao, mtu aliyekosa hachukui maneno kwanza. Anachukua isale. Anakupelekea, na wewe ukiliona unajua umekosewa, hata kama hujui kosa. Unauliza, "Umenikosea nini?" Naye anasema. Na ukishalipokea mkononi, kukataa kusamehe ni laana. Hata damu iliyomwagika imewahi kuzimwa kwa jani lile. Severa alikata shina lenye majani, akalifunga kwenye jani la mgomba, akashuka nalo Dar es Salaam likiwa mapajani njia nzima.

Alimpa Bharti kwa mikono miwili, amepiga goti kidogo.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba. Ee, umeniletea kitu kutoka mlimani!"

Bharti aliligeuza, akayapapasa majani. Severa alisubiri lile swali. Nyumbani swali lile huja lenyewe, kama 'hodi' inavyovuta 'karibu'. Alikuwa amesahau kabisa kwamba kuna watu wasiolijua. Midomo yake ilikuwa tayari.

"Linapenda jua au kivuli?" Bharti aliuliza.

"Jua... jua la asubuhi, Mama."

Bharti akapanda nalo ghorofani walikoishi, akalipanda kwenye chungu, kwenye baraza linalotazama mtaa, kando ya mrehani wake mtakatifu, tulsi, ambao aliumwagilia kila asubuhi akisali. Na ujasiri wa Severa ukaisha hapo, kama gesi inavyoisha katikati ya kupika.

Jioni alimsimulia Vicky ile nusu inayosimulika: kwamba Mama Bharti kapewa isale na kalipanda kama ua. Vicky aliwaza usiku kucha. Asubuhi ndipo akauliza, na chai ikapewa lawama ya kupoa.

Pengine Severa angebaki hivyo hivyo, amesamehewa na mtu asiyejua. Aliyemwamsha ni Hashimu.

"Mama mnunua moja," alimwita siku moja, trei zimejaa nyuma ya baiskeli, "niombee kwa Mungu wako, mimi biashara imekufa."

"Nini tena?"

"Si lile jiko la Buguruni, la kina mama wa Kiislamu na wa Kikristo wamejiunga. Mimi ndiye nilikuwa nawapelekea mayai ya watoto. Mradi wa Wazungu umeyafuta. Wanasema kuna mtoto Kariakoo huko kapona kwa karanga na maziwa, kwa hiyo mayai ni anasa." Akasonya. "Huyo mtoto ningemjua, ningemchapa."

Severa aliuliza, kwa sauti aliyoitafuta, watoto wa Buguruni wanaendeleaje.

"Wanaendelea kama taa ya mafuta kidogo. Kuna mmoja wamemzika juzi. Sisemi ni mayai, mama, homa zipo, maji machafu yapo. Lakini alikuwa anakula yangu, na alikuwa anacheza."

Buguruni hakukuwa na mtu hata mmoja aliyekataa yai kwa ajili ya Mungu. Waliacha kwa sababu ya ushuhuda. Ushuhuda ulikuwa Abbasi, na Abbasi alikuwa amekula yai kila siku, kutoka baiskeli hii hii.

Severa alimtafuta Aaron, akamkuta kwenye ofisi ya mradi, akamwambia yote akiwa amesimama. Aaron alisikiliza huku uso unamshuka.

"Mama Severa," alisema mwishowe, "unajua habari ile imefika wapi? Imesomwa kwenye mikutano. Dini tatu zimeheshimiana, mtoto amepona. Watu wameitolea machozi na sadaka."

"Lakini siyo kweli, mwanangu."

"Ni kweli nusu."

"Nusu nyingine wameizika Buguruni."

Aaron alivua miwani, akaifuta, akaivaa, akaifuta tena. "Niachie kidogo," alisema. "Nitaona namna." Severa alikuwa mzee wa kutosha kujua maneno hayo huwa yanafika wapi.

Basi akaenda kwa Bharti. Alivua viatu, akanawa miguu, akapanda ghorofani ambako hakuwahi kupanda bila kuitwa. Bharti alikuwa barazani anamwagilia. Severa alisema kila kitu, kuanzia chupa ya chai. Alipofika kwenye sahani ya kwanza, Bharti aliliweka chini birika la maji.

"Siku ya mama mkwe?"

"Ndiyo, Mama."

"Nilikuuliza umetia nini."

"Uliniuliza."

Kelele za mtaa zilipanda mpaka pale: mtu anatangaza mashuka kwa kipaza sauti, honi, mkokoteni. Bharti alikuwa anatazama vidole vyake, vile alivyovilamba.

"Na huu mmea?"

Severa akamwambia. Kwamba kwao ndiyo radhi. Kwamba aliyelipokea hakatai.

"Kwa hiyo ulinisamehesha mimi sijui." Sauti yake haikupanda, na ingekuwa heri ingepanda. "Severa, kwanza umenilisha nikiwa nimefumba macho. Halafu umenifunga kamba nikiwa nimelala."

"Mama, mtoto alikuwa anakufa."

"Najua alikuwa anakufa! Ungeniambia. Mimi na wewe tungeshuka wote barabarani, tukakaa kwenye jiwe na yule mtoto, ukamlisha yai lako mimi nimemshikia bakuli. Nani amekwambia ningekataa? Umeniona miaka yote hii, ukadhani Mungu wangu anakaa kwenye kizingiti?"

Hilo Severa hakuwahi kulifikiria hata siku moja. Alikuwa amezijua sheria zote za lile jiko, akaamini amemjua na mwenye jiko.

"Nenda nyumbani," Bharti alisema.

Bharti mwenyewe ndiye aliyempigia Aaron. Akamwambia awaandikie wageni wake kwamba Mama Bharti wa Kariakoo amekula yai, na mtoto pia, na maneno aliyoyasema mbele ya kamera ameyarudisha mdomoni. Kwa mwanamke wa jumuiya yake, watu wa hekaluni wakisikia, hiyo haikuwa aibu ndogo. Buguruni mayai yalirudi, kwa muda. Kisha mradi ukafika mwisho wake, kama miradi inavyofika, na majiko ya gesi yakabaki kama kumbukumbu. Jiko la Kariakoo lilitakaswa, Bharti akafunga siku kadhaa, likafunguliwa kwa mpishi mwingine. Halikudumu. Champaklal alifariki, na Severa alisimama ng'ambo ya barabara mwili ukitolewa, amejifunika kanga, hakuthubutu kuvuka. Jiko likafungwa. Kina mama wa bondeni wakatawanyika mafuriko yalipowaondoa. Mboni alihamia mbali, hakuna anayejua wapi, na Severa hakuwahi kupata habari kama Abbasi alianza shule.

Yeye alianza kupika kwa mama lishe mmoja Ilala, ambako unaonja unavyotaka. Alisema chakula chake hakikuwahi tena kukolea vizuri.

Kila Jumapili baada ya misa alipitia mtaa ule, hata kama ulikuwa unamzungusha. Vicky alikwenda naye, mwanzo kwa kushikwa mkono, baadaye kwa kumshika yeye. Hawakusimama. Walinyanyua tu macho barazani. Mrehani ulikuwepo, na isale lilikuwepo, limerefuka kupita kizuizi cha chuma. Severa alisema "haya," wakaendelea. Vicky, ambaye sasa alikuwa kidato cha tatu na ameshaijua hadithi nzima, alihesabu hiyo 'haya' kama sala.

Mwaka huu Urvish alikuja kumchukua mama yake. Jengo limeuzwa; litavunjwa lijengwe ghorofa la maduka, kama mtaa mzima. Walisikia kwa mlinzi, Jumapili, siku moja baada ya Bharti kuondoka.

"Mama wa juu kaaga kila mtu," mlinzi alisema. "Hata muuza vocha kampa mkono."

Mlango wa juu ulikuwa wazi, mafundi walishang'oa madirisha. Mlinzi aliwaruhusu. Severa alipanda polepole, akapumzika katikati ya ngazi, na alipofika alivua viatu mlangoni, ingawa sakafu ilikuwa imejaa vumbi na misumari. Mrehani haukuwepo; mlinzi alisema ulikwenda hekaluni. Kwenye baraza kilibaki chungu kimoja, cha isale.

Severa aliinama akatia kidole kwenye udongo. Haikuwa imenyesha kwa wiki nyingi. Akakitoa kidole, akakitazama, kimeshika tope bichi. Alibaki amechuchumaa, na Vicky akaona afadhali atazame mtaa.

"Vicky."

"Abee, Bibi."

"Uliniuliza kitu zamani, unakunywa chai."

"Nilikuuliza."

Severa alijifutia kidole kwenye jani la isale, taratibu, kama anayemfuta mtoto uso.

"Alilimwagilia mpaka jana," alisema. "Lakini hakuniita."